Björn Andrésen: alikuwa wapi miaka yote baada ya Venice?

Swali: "Shikamoo mwalimu. Nimetazama dokumentari ya mwigizaji wa Uswidi, Björn Andrésen, baada ya kumwona akiwa mzee katika Midsommar, filamu ya kutisha ya mwaka 2019. Sikujua kabisa kwamba ndiye yule kijana wa Death in Venice. Kati ya filamu hizo mbili kuna karibu miaka hamsini. Alikuwa wapi? Aliacha kuigiza, au uigizaji ndio uliomwacha? Na je, ni kweli filamu moja inaweza kumharibia mtu maisha?"

Marahaba, mwanangu. Swali lako la kwanza lina jibu fupi: hakuacha, wala hakupotea. Alikuwa kwao Stockholm, akifanya kazi. Aliigiza filamu na tamthilia za televisheni za Uswidi ambazo nyingi hazikuvuka mpaka wa nchi, na kwa miaka mingi alikuwa mwanamuziki wa bendi ya dansi. Ila swali lako lina jambo jingine ndani yake, na ndilo lililonikalisha chini niandike kirefu. Mtu anafanya kazi tangu ujana mpaka uzee, kisha dunia nzima inauliza alikuwa wapi. Ili kulielewa hilo inabidi turudi kwenye chumba kimoja, Februari 1970.

Luchino Visconti, mwongozaji wa Italia, alikuwa na miaka 63 na jina kubwa. Alitaka kutengeneza filamu, ndiyo hiyo Death in Venice, kutokana na hadithi ya mwandishi wa Ujerumani Thomas Mann iliyotoka mwaka 1912: msanii wa makamo anakwenda Venice kupumzika, hotelini anamwona mvulana wa Kipolandi aitwaye Tadzio, anaanza kumfuata kwa macho, na huku mji unaingiwa na kipindupindu yeye anashindwa kuondoka. Hadithi yote imesimama juu ya uso wa mvulana huyo. Visconti akazunguka Ulaya kuutafuta: Budapest, Warsaw, Helsinki. Kila alipofika, wavulana walipangwa mbele yake, na kamera ya televisheni ya Italia ilikuwa pamoja naye ikirekodi. Ndiyo maana mpaka leo tunaweza kuutazama usaili wa Stockholm kama tumekaa kwenye kona ya chumba.

Ukiipata picha hiyo, itazame kabla ya filamu yenyewe. Anaingia kijana mrefu wa miaka 15, nywele za rangi ya dhahabu, amevaa sweta. Anaambiwa aitazame kamera. Anaitazama. Anaambiwa ageuke, atabasamu, atembee kidogo. Kisha anaambiwa avue shati. Hapo utaona uso unabadilika: anashtuka, anatabasamu kwa aibu, anawatazama watu wazima waliomzunguka kana kwamba mmoja wao atasema inatosha. Hakuna aliyesema. Anavua, anasimama karibu uchi, na wakubwa wanaendelea kuzungumza juu yake. Nimeitazama sehemu hiyo mara nyingi, na kila mara jicho langu linahama kutoka kwa mvulana na kuwaangalia waliokaa. Chumba kile kilijaa watu wenye uzoefu wa kazi, na hakuna hata mmoja aliyekuwa pale kwa ajili yake.

Nyumbani nako hakukuwa na wa kumsimamia kama mzazi. Alizaliwa Stockholm tarehe 26 Januari 1955, na baba yake hakuwahi kumjua. Mama yake alitoweka siku moja Björn akiwa bado mtoto wa shule, na baadaye alikutwa msituni amekufa, amejiua. Mtoto akalelewa na bibi yake, na bibi huyo ndiye aliyekuwa akimpeleka kwenye usaili, maana alitamani mjukuu wake awe mtu mashuhuri. Yeye mwenyewe mapenzi yake yalikuwa muziki. Alisoma Adolf Fredrik, shule ya Stockholm inayojulikana kwa kwaya zake, na piano ndiyo iliyokuwa furaha yake. Kabla ya Visconti alishapata nafasi ndogo katika filamu ya kwanza ndefu ya Roy Andersson, En kärlekshistoria, iliyotoka 1970. Alikuwa kijana wa muziki aliyekuwa akijaribu jaribu uigizaji, basi.

Sasa lishike hili, kwa sababu ndilo linaloeleza mengi ya baadaye: Tadzio hasemi. Katika filamu nzima maneno yake ni ya kuokoteza. Anatembea ufukweni, anageuka, anatazama, katika sehemu moja anagusagusa piano hotelini. Anayebeba mzigo wa uigizaji ni Dirk Bogarde, Mwingereza aliyecheza msanii mwenyewe, ambaye katika hadithi ya Mann ni mwandishi, lakini Visconti alimgeuza kuwa mtunzi wa muziki. Kijana alitakiwa awe picha. Na picha ilitunzwa kama picha: Bogarde aliandika baadaye katika kumbukumbu zake kwamba mvulana hakuruhusiwa kukaa juani, kucheza mpira na wenzake, wala kuogelea baharini. Fikiria mtoto wa miaka 15 yuko ufukwe wa Lido, kisiwa cha Venice, wakati wa kiangazi, bahari iko hatua chache, na amekatazwa kuingia kwa sababu ngozi yake ni mali ya filamu.

Wanafunzi wangu huniuliza kama Visconti alikuwa mwongozaji mbovu. Hapana. Filamu ile ni kazi ya fundi. Jinsi alivyoutumia ule muziki wa polepole wa mtunzi Mahler, jinsi kamera inavyosogea ukumbini hotelini ikipita juu ya kofia na maua mpaka inamfikia mvulana, hayo yanafundishwa hadi leo na mimi mwenyewe nayafundisha. Lakini Andrésen aliposhakuwa mtu mzima alimweleza Visconti kuwa mtu ambaye angetoa mhanga chochote na yeyote kwa ajili ya kazi yake. Maneno hayo hayaifuti filamu, na filamu haiyafuti maneno hayo. Ukiitazama leo, yatazame yote mawili kwa pamoja.

Filamu ilizinduliwa London tarehe 1 Machi 1971, Malkia Elizabeth akiwepo. Visconti akatangaza kwamba huyu ndiye mvulana mzuri kuliko wote duniani, na tangu siku hiyo sentensi hiyo ikawa jina lake. Mwezi Mei wakaenda kwenye tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, ambako Visconti alipewa tuzo maalumu ya miaka 25 ya tamasha. Katika mkutano na waandishi wa habari alitania kwa Kifaransa kwamba kijana ameshakua, uzuri umeanza kumtoka. Ukumbi ukacheka. Aliyezungumzwa alikuwa ameketi palepale, ana miaka 16, na Kifaransa hakijui. Usiku huo wakubwa wakamchukua kwenda klabu ya mashoga, na miongo mitatu baadaye alikuwa bado anakumbuka wahudumu walivyomkodolea macho kana kwamba ni kipande cha nyama mezani.

Kisha ikaja Japani. Wengi wanaiona kama kituko cha pembeni, mimi naiona kuwa sura nzito kuliko Cannes. Filamu ilipotoka huko alipokelewa na umati wa wasichana wakipiga kelele na kulia, wakitaka kumgusa. Alirekodi nyimbo kwa Kijapani, lugha asiyoijua, akikariri sauti za maneno. Alitangaza chokoleti kwenye televisheni. Na uso wake ukaingia kwenye sanaa ya huko kwa namna ambayo haijatoka: wachoraji wa vibonzo vya manga kwa wasichana walikuwa wanatafuta sura ya mvulana mzuri mwenye huzuni, nao wakaipata. Riyoko Ikeda, aliyeanza kuchora The Rose of Versailles mwaka 1972, anamweleza katika dokumentari kwamba mhusika wake Oscar alimchora akimfikiria yeye. Watu wengi waliosoma manga au kutazama katuni za Kijapani wameuona uso wa Björn Andrésen bila kujua ni wa nani.

Kuna kisa cha pembeni ambacho hakinitoki kichwani. Tadzio wa hadithini naye alitokana na mtoto wa kweli. Mann alikuwa Lido mwaka 1911, na mvulana wa Kipolandi aliyemwona hotelini alikuwa Władysław Moes, wa miaka 10, aliyekuja na familia yake kupumzika. Alicheza mchangani, akarudi kwao, akakua bila habari kwamba kuna mgeni aliyemtia kitabuni. Kwa hiyo kabla hata Andrésen hajazaliwa, jina la Tadzio lilikuwa tayari la mtoto anayetazamwa pasipo kuulizwa.

Turudi kwenye kazi yake. Unauliza kwa nini mlango haukufunguka baada ya filamu kubwa namna ile. Jitie nafasi ya mwongozaji wa mwaka 1972 anayetafuta mwigizaji. Umemwona kijana huyu kwa saa mbili, na hujui kama anaweza kusema sentensi tatu mfululizo. Hujui sauti yake. Unachojua ni kwamba ana uso, na uso wa mvulana hukua. Waliomtaka walimtaka aurudie uleule uso, yeye akakataa. Alizikwepa nafasi za kutegemea urembo, akakwepa pia zile za mashoga, kwa sababu watu walishaamua yeye ni nani kutokana na filamu, naye alikuwa amechoka kuamuliwa. Kwa soko la filamu, mtu anayekataa kitu pekee anachoombwa anaonekana hana cha kuuza.

Mwaka 1976 aliitwa Paris kwa ajili ya filamu mpya. Akakaa huko karibu mwaka mzima. Filamu haikutengenezwa. Alilipiwa nyumba, akalipiwa chakula, akapewa zawadi na fedha za matumizi, na wenye kulipa walikuwa wanaume wenye mali waliopenda kuonekana naye. Katika dokumentari anausimulia mwaka huo polepole sana, kwa namna ya mtu anayejiuliza mwenyewe jinsi alivyoingia humo. Ana miaka 21, hana mtu wa kumsimamia kazi, na bado watu wanamchukua kama pambo la meza.

Aliporudi Uswidi ndipo ilipoanza kazi yake ya kweli, na ndiyo sehemu inayopitwa haraka na karibu kila anayemwandika. Alicheza katika Bluff Stop mwaka 1977. Mwaka 1982 alikuwa na nafasi ndogo katika Den enfaldige mördaren ya Hans Alfredson, filamu inayoheshimiwa sana kwao. Ikaja Smugglarkungen mwaka 1985, kisha nafasi za hapa na pale za sinema na televisheni. Hakuna hata moja kati ya hizo iliyomfanya nyota. Lakini waigizaji wengi wa nchi ndogo huishi hivyohivyo, wiki mbili huku, siku nne kule, na hakuna anayewaita watu waliopotea.

Halafu muziki. Kwa miaka mingi alizunguka na bendi iitwayo Sven-Erics, akipiga kinanda. Kule bendi za dansi hupiga kwenye kumbi na viwanja vya starehe vya miji midogo, watu wazima wakija wawili wawili kucheza mpaka usiku. Mpiga kinanda hukaa pembeni ya jukwaa, na macho ya ukumbi yako kwa mwenzi wa kucheza naye. Nadhani kwa mtu aliyetazamwa kiasi kile akiwa mtoto, kukaa pembeni vile usiku kucha ukifanya kazi unayoijua kulikuwa pumziko. Ni fikra yangu tu, ila sioni kwa nini tuuhesabu muziki huo kuwa anguko.

Mwenyewe mwaka 2003 alisema kazi yake ni mojawapo ya chache zilizoanzia kileleni kabisa kisha zikashuka, na kwamba hali hiyo ilikuwa ya upweke. Upweke namwamini. Kuhusu kilele, nathubutu kupingana naye kwa heshima. Kilele kile kilikuwa cha Visconti, cha Bogarde, cha Mahler na cha mpiga picha Pasqualino De Santis. Mvulana alibebwa hadi pale juu, na walipomaliza wakashuka zao. Alichokipanda kwa miguu yake mwenyewe ni bendi na zile nafasi ndogo ndogo.

Mwaka huohuo wa 2003 kulitokea jambo linalofaa kujulikana na kila anayefanya kazi mbele ya kamera. Mwandishi Germaine Greer alitoa kitabu kuhusu uzuri wa wavulana katika sanaa, na jaladani akaweka picha ya Andrésen wa ujana wake, iliyopigwa na David Bailey. Andrésen hakuulizwa, akalalamika hadharani. Greer alijibu kwamba ruhusa ilitoka kwa mpiga picha. Hapo ndipo wengi wanapochanganyikiwa: hakimiliki ya picha kwa kawaida ni ya aliyeipiga, si ya aliyepigwa. Unaweza kuwa na miaka 48, baba wa mtoto mkubwa, ukaingia duka la vitabu ukakuta uso wako wa utotoni unauzwa, na mwenye haki ya kusema ndiyo au hapana akawa mtu mwingine. Alisema waziwazi pia kwamba mapenzi ya watu wazima kwa vijana wadogo ni jambo analolipinga kimsingi. Watu walishangaa kulisikia likitoka kwake. Sijui walitarajia aseme nini.

Sasa swali lako la tatu, kama filamu moja inaweza kumharibia mtu maisha. Hapa twende polepole, kwa sababu ni rahisi kuibebesha filamu msiba wote. Msiba wa mama ulitangulia. Na mwingine ulikuja baadaye: alioa, akapata binti, kisha mtoto wa kiume aliyefariki akiwa mchanga, usingizini, katikati ya miaka ya 1980. Madaktari walikiita kifo hicho kwa jina lao la kitabibu. Yeye alisema kwa upande wake ugonjwa uliomuua mtoto ni ukosefu wa upendo, maana alikuwa amelewa usiku ule na hakujisamehe kamwe. Sonona na pombe vilimkalia miaka mingi. Siwezi kukwambia hayo yaliletwa na Visconti, na atakayekwambia hivyo anarahisisha mno. Ninachoweza kusema ni kwamba umaarufu ulimkuta mtoto ambaye tayari alikuwa amebomolewa sehemu fulani, ukamjazia watu kila upande, na kati ya watu wote hao hakukuwa na aliyekaa naye kumuuliza habari za mama yake.

Ndiyo maana Midsommar ina uzito kwangu kuliko ilivyokusudiwa. Mwongozaji wake, Ari Aster, alimpa nafasi ya Dan, mzee wa jamii ya kijijini ambaye umri wake wa kuishi umefika, anaruka kutoka mwambani mbele ya watu. Unakumbuka: mwanamke aliyetangulia anakufa papo hapo, Dan anaangukia miguu, anabaki hai, na wenzake wanakuja na nyundo kubwa ya mbao kumponda usoni. Kamera haiondoki. Uso uleule uliokatazwa jua mwaka 1970 unavunjwa mbele yetu mwaka 2019. Aster alijua anamchukua nani. Na Andrésen naye alijua, akakubali, akiwa na miaka zaidi ya 60. Safari hii mwenye kuamua juu ya uso ule alikuwa yeye.

Dokumentari, Världens vackraste pojke, yaani mvulana mzuri kuliko wote duniani, ilitoka 2021, ikaonyeshwa mara ya kwanza kwenye tamasha la filamu la Sundance, Marekani, mwezi Januari. Waongozaji wake, Kristina Lindström na Kristian Petri, walifuatana naye kwa miaka kadhaa, na haraka yao haionekani popote. Umeona mwanzo: nyumba yake ndogo imejaa takataka na moshi wa sigara, anatishiwa kufukuzwa, mpenzi wake anamsaidia kusafisha. Umeona pia akirudi Venice, kwenye hoteli ile ya Lido iliyokuwa imeshafungwa, akitembea ndani ya kumbi tupu, nywele ndefu za mvi mgongoni. Sehemu iliyo nzito kuliko zote kwangu ni pale anapofunguliwa nyaraka za polisi za kifo cha mama yake na kuzisoma. Wameketi naye wakimsubiri amalize, na yeye ndiye anayechagua lini aongee. Linganisha ukimya huo na ule wa chumba cha usaili.

Wapo wanaosema dokumentari nayo imemtumia, kwamba ni kamera nyingine juu ya mtu yuleyule. Hoja hiyo naiheshimu, na kuna picha mbili tatu za nyumbani kwake ambazo mimi ningeziacha kwenye meza ya uhariri. Lakini tofauti iko kwenye maneno. Katika filamu ya 1971 anatazamwa kwa zaidi ya saa mbili bila kusikika. Katika hii anaongea yeye, anapinga, anakumbuka, anakosea tarehe na kujirekebisha, anawaambia waliokufa aliyokuwa ameyaweka moyoni.

Alifariki tarehe 25 Oktoba 2025, akiwa na miaka 70. Magazeti ya nchi nyingi yalitangaza habari hiyo kwa ile sentensi ya Visconti, na mengi yakaweka picha ya mvulana wa ufukweni badala ya mzee aliyekufa.

Kama bado una hamu, mwanangu, anza na ule usaili wa Stockholm, kisha Death in Venice, kisha irudie dokumentari. Safari hii isikilize zaidi kuliko kuitazama, hasa anapokaa kwenye piano. Ndani ya filamu ya Visconti kuna pale Tadzio anapogusa vitufe vya piano ukumbini hotelini, wimbo wa Beethoven ambao watoto wengi wanaojifunza piano huupiga, na watazamaji wengi humwangalia usoni. Mara hii angalia mikono.